Mkataba wa ujenzi ukivunjwa, pima kazi kabla hujaondoa greda: yaliyonikuta uwanda wa Makonde

Fundi wa Mikindani (mwanzisha uzi)

Wakuu, salaam.

Nilikuwa mkandarasi wa barabara, daraja la sita. Cheti cha CRB, bodi ya usajili wa makandarasi, kilitundikwa kwenye ofisi yangu ya chumba kimoja hapa Mikindani. Mwaka 2014 nilipata kazi ya barabara ya changarawe huko uwanda wa Makonde: kilomita 9, mistari 7 ya kalavati na drifti moja bondeni, yaani kivuko cha zege cha kupitisha maji juu. Shilingi milioni 412, miezi sita, kuanza Agosti. Mshitiri, yaani mwenye kazi, simtaji, na mnaomfahamu naomba msimtaje. Nia yangu ni vijana wanaoingia kwenye kazi hizi wajue hela inapotelea wapi mkataba ukivunjwa. Wengi wanadhani inapotelea mahakamani. Mimi yangu ilipotelea kwenye futi kamba.

Miezi ya kwanza ilikwenda vizuri. Setifiketi ya kwanza (hati ya malipo ya kazi iliyofanyika), milioni 88, ililipwa. Ilichelewa, lakini ililipwa. Ya pili, milioni 96, mhandisi wao aliisaini tarehe 28 Novemba. Desemba ikapita. Januari ikapita. Kila nikienda ofisini jibu ni lilelile, fedha hazijashuka. Mwenye greda anadai kodi yake ya kila siku, vibarua wa kijijini wananifuata hadi nyumbani usiku, na mvua imeshaanza. Anayeujua ule udongo mwekundu wa uwandani anajua ukilowa lori halipandi.

Tarehe 6 Februari 2015 nikaondoa greda. Sikuandika barua. Nilimpigia mhandisi simu, akasema, "Nakuelewa kaka, tusubiri fedha." Nikalala nikiamini nimepewa ruhusa.

Sasa sikilizeni. Mkataba wangu ulisema mkandarasi akisimamisha kazi siku 28 bila ruhusa ya maandishi ya meneja mradi, huo ni ukiukaji mkubwa, mshitiri anaweza kuvunja mkataba. Mkataba huohuo, ukurasa huohuo, ulisema mshitiri asipolipa setifiketi iliyothibitishwa kwa siku 84, yeye ndiye amekiuka. Mimi nilitoka saiti siku ya 70. Ningevumilia wiki mbili tu, hata kwa kubaki na vibarua watano wanaosafisha mitaro, mvunjaji angekuwa yeye.

Barua ya kuvunja mkataba ilinifikia tarehe 10 Machi. Nilipofika saiti nikakuta mgambo kwenye kambi yetu. Mabomba 36 ya kalavati, nondo na marundo ya kokoto, vyote vyangu, vyote nimevinunua kwa mkopo, nikaambiwa sasa ni mali ya mshitiri. Na kweli mkataba ulisema hivyo, vifaa vilivyo saiti vinahesabika vya mshitiri kosa likiwa la mkandarasi. Kazi walikuwa wameshaipima wenyewe, bila mimi. Wakaandika asilimia 38. Hesabu yangu ilikuwa asilimia 61. Kwa mkataba wa milioni 412, tofauti hiyo ni karibu milioni 95. Wiki iliyofuata wakaita dhamana ya utendaji, ile fedha benki iliyoahidi kulipa nikishindwa kazi, benki ikawalipa, na benki ikanigeukia mimi.

Kinachoniuma hadi leo si hizo milioni. Mwaka ule maji yalikata drifti ambayo nilikuwa nimechimba upande mmoja tu. Mama mmoja alinisimamisha sokoni, hakupiga kelele, akaniambia, "Baba, wewe ndiye uliyetuachia lile shimo." Sikuwa na jibu. Mimi nina kesi na ofisi, ofisi ina kesi na mimi, yeye ana mgonjwa ng'ambo ya bonde.

Waliopitia haya waandike. Nataka uzi huu uwe na faida.

Mama Nanguruwe

Pole baba. Mimi si mtu wa ujenzi, ni mkulima wa korosho. Nikuambie tunavyoona sisi wa kijijini. Mkandarasi akija, tunaitwa mkutano, tunaambiwa barabara itakwisha kabla ya msimu. Akiondoka hatuitwi mkutano. Tunaona tu kambi imefungwa na kokoto zinaibwa kidogo kidogo. Tukiuliza kwa mtendaji, anasema suala liko kwenye sheria. Miaka miwili liko kwenye sheria, na sisi Oktoba tunatoa magunia kwa baiskeli hadi ghalani, mwenye lori hataki kuingia. Nani anatakiwa kutuambia? Hilo ndilo swali langu.

Mhandisi Mstaafu

Nimekaa upande wa mshitiri miaka 26, Mtwara na Lindi. Ndugu mwanzisha uzi umeandika kwa uungwana, nami nitakujibu kwa uungwana.

Kwanza, ile setifiketi ya milioni 96, je, ilikuwa kazi tupu? Kwa uzoefu wangu setifiketi ya namna hiyo inabeba pia thamani ya vifaa vilivyoletwa saiti. Mabomba 36 hayajachimbiwa, lakini yamehesabiwa. Wanaokuja kupima siku ya kuvunja wanapima kilichojengwa. Ndiyo maana asilimia inashuka, na mkandarasi anaona ameibiwa.

Pili, mvua. Kila mkandarasi anadai nyongeza ya muda kwa sababu ya mvua. Mvua ya Januari huku kwetu si ajabu, ulipojaza zabuni ulijua msimu ni Desemba hadi Aprili. Anayetaka nyongeza alete takwimu za TMA, mamlaka ya hali ya hewa, zionyeshe mvua ilizidi ya kawaida, na alete kwa wakati.

Tatu, mhandisi wa wilaya hana fedha mfukoni. Anasaini setifiketi, halafu anasubiri kama unavyosubiri wewe. Siku ya ukaguzi CAG, mkaguzi mkuu wa hesabu za serikali, anamuuliza yeye kwa nini mkandarasi alibaki saiti miezi bila kazi na hakuchukuliwa hatua. Akikaa kimya ni hoja ya ukaguzi. Akivunja mkataba, uzi kama huu.

Fundi wa Mikindani

Mzee shikamoo. Umenishika pabaya, na nitasema kweli. Ndiyo, katika zile milioni 96, milioni 22 zilikuwa za vifaa. Kwa hiyo kazi iliyothibitishwa kwa setifiketi zote mbili ni milioni 162, kama asilimia 39. Kipimo chao cha 38 hakiko mbali na hapo.

Lakini mzee, baada ya setifiketi ya pili nilifanya kazi wiki tisa zaidi. Nilimwaga na kushindilia changarawe, nikalaza mistari miwili ya kalavati. Kazi ile haimo kwenye kipimo chao hata shilingi. Mvua ya Februari na Machi ilikuwa imepasua sehemu ya changarawe, na mistari ile miwili ilikuwa imefukiwa, haionekani mpaka ufukue. Aliyepima alipita juu na gari. Daftari la saiti lingenisaidia, ila msimamizi wangu alikuwa anaandika bila kumsainisha fundi sanifu wa upande wa pili. Maandishi ya mtu mmoja yana uzito gani?

Hilo la CAG nalikubali. Sikuwahi kulitazama kutoka kwenye kiti chenu.

Mhandisi Mstaafu

Marahaba. Hapo upo sahihi, na nitasema wazi ingawa wenzangu hawatapenda: kupima bila kumwita mkandarasi kwa barua ni kosa letu. Ukimwita asije, unapima mbele ya mtendaji wa kijiji na unaandika kwamba aliitwa. Usipomwita, umejichimbia shimo mwenyewe. Nimeona mashauri ambayo mshitiri alikuwa na sababu zote za kuvunja mkataba, akaja kushindwa kwa sababu hana kipimo anachoweza kukisimamia.

Wakili wa Ligula

Niweke mambo kadhaa ya sheria, maana naona watu wanachanganya ngazi.

Wengi mkataba ukivunjwa wanakimbilia PPAA. Mamlaka ile ni ya rufani za zabuni: nani ameshinda, nani amenyimwa isivyo halali. Mkataba ukishaanza kazi, mgogoro unafuata kifungu cha utatuzi wa migogoro kilicho ndani ya mkataba wenyewe. Kwenye mikataba mingi ya kazi ndogo na za kati unaanza na mwamuzi aliyetajwa kwenye mkataba. Asiyeridhika na uamuzi wake ana siku 28 kupeleka kwa msuluhishi. Siku hizo zikipita kimya, uamuzi unawafunga wote wawili. Nimewahi kupokea wateja siku ya 40.

Usuluhishi unaendeshwa kwa Sheria ya Usuluhishi ya mwaka 2020, iliyoondoa ile ya tangu 1931. Baraza la Taifa la Ujenzi, NCC, lina kanuni zake za usuluhishi na ndilo linalotajwa kwenye mikataba mingi ya ujenzi. Ukiruka usuluhishi ukaenda moja kwa moja Mahakama Kuu hapa Mtwara, upande wa pili ataomba shauri lisimamishwe mpaka mkatii mkataba wenu, na atapewa.

Kama njia yako ni mahakama kweli, kumbuka notisi ya siku 90 chini ya Sheria ya Mashauri dhidi ya Serikali, Sura ya 5. Tangu marekebisho ya 2020 notisi hiyo inahusu halmashauri pia, na Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe. Nimeona madai mazuri kabisa yakitupwa kwa kukosa hilo tu. Ukomo wa madai ya mkataba ni miaka 6, kwa hiyo usilale.

Fidia: kifungu cha 73 cha Sheria ya Mikataba kinakupa hasara iliyotokana moja kwa moja na uvunjaji. Lakini wanatazama pia ulifanya nini kupunguza hasara hiyo. Greda ya kukodi ukiiacha saiti miezi minane inakula kodi huku mkataba umeshavunjwa, usitegemee kulipwa miezi yote minane.

Dhamana ya benki inayolipwa kwa kudaiwa tu, benki haiulizi nani mwenye kosa. Inalipa. Ugomvi wa nani mkosaji unakuja baadaye.

Mjukuu wa Masoko

Naunga na Wakili hapo kwenye kutoruka usuluhishi. Wanaodhani serikali haikamatiki wakumbuke 2017, Bombardier Q400 yetu ilivyozuiwa Kanada. Chanzo ni kampuni ya Stirling Civil Engineering iliyokuwa na mkataba wa barabara ukavunjwa, ikashinda kwenye usuluhishi wa kimataifa, deni likakaa likizaa riba. Ndege ikaja kutua nyumbani Aprili 2018. Hapa ndani mali ya serikali haikamatwi, unapewa hati ya amri ya mahakama ya kulipwa, unasubiri. Nje ya nchi hakuna kinga hiyo kwa kila kitu. Anayesaini barua ya kuvunja mkataba leo, riba inaweza kulipwa na waliokuwa shule ya msingi.

Wakili wa Ligula

Ni kweli. Na kwa miradi mikubwa inayotumia FIDIC, mikataba ya mfano ya shirikisho la kimataifa la wahandisi washauri, kuna jambo ambalo washitiri wengi hawalisomi. Kwenye Kitabu Chekundu cha 1999, kipengele cha 15 kinamruhusu mshitiri kuvunja mkataba kwa hiari yake, hata mkandarasi asipokuwa na kosa, kwa notisi ya siku 28. Lakini hairuhusiwi kufanya hivyo ili kazi aifanye mwenyewe au ampe mkandarasi mwingine. Kama una kosa la kumshika nalo, litaje. Na mkandarasi naye ana kipengele cha 16: asipolipwa anaweza kupunguza kasi au kusimama, ila atangulize notisi ya siku 21. Fundi wa Mikindani, mkataba wako haukuwa FIDIC, lakini ona, hata huko dawa ni barua.

Lenta Tatu

Shikamooni wakubwa. Nimesoma uzi huu saa nane usiku kwa sababu sina usingizi. Nina kampuni ndogo, nipo mkoa wa Lindi. Tunajenga jengo la wagonjwa wa nje la zahanati. Siku tano zilizopita nimepokea barua ya notisi ya siku 14, nirekebishe ucheleweshaji au mkataba uvunjwe. Tuko kwenye lenta, ule mkanda wa zege juu ya madirisha. Muda wa mkataba umebaki wiki tatu na hatujapaua.

Tulichelewa kwenye msingi. Michoro ilionyesha kina cha mita moja, tukakuta udongo mbaya, fundi sanifu wao akasema shuka hadi mita moja na nusu. Tukashuka. Zege liliongezeka, siku ziliongezeka. Sina barua yake, nina sauti yake tu kichwani. Siku zimebaki tisa. Nifanye nini? Mzee wangu ameweka shamba lake la mikorosho dhamana.

Fundi wa Mikindani

Mdogo wangu, usilale kwa hofu, lala kwa uchovu wa kazi. Usiondoe kitu saiti. Hata ndoo. Kesho asubuhi watu wawe kazini, hata kama ni wanne, na piga picha kila siku zenye tarehe.

Halafu andika. Leo, sio keshokutwa.

Dada Mkadiriaji

Mimi ni mkadiriaji majenzi, nipo Nachingwea. Lenta Tatu, nisikilize kuhusu msingi. Agizo la mdomo si mwisho wa habari. Andika barua ya kuthibitisha agizo: "Tarehe fulani, mbele ya fulani na fulani, tuliagizwa kuongeza kina kutoka mita 1.0 hadi 1.5 kwenye msingi wote." Ambatisha picha za mtaro wa msingi ukiwa wazi kama unazo, na risiti za saruji na kokoto za wiki ile. Saruji haidanganyi. Mifuko iliyoingia saiti ikizidi hesabu ya michoro, lazima kuna mahali ilikwenda.

Kama hawakuamini, omba kuchimba shimo la kuangalia kina pembeni mwa msingi, sehemu mbili, mbele yao. Kazi ya nusu siku na majembe mawili.

Kwenye barua hiyohiyo omba nyongeza ya muda kwa siku zilizoliwa na zege la ziada. Usiombe miezi. Omba siku unazoweza kuzihesabu mbele ya mtu.

Mhandisi Mstaafu

Nami niongeze kutoka upande ule. Mwanangu, barua ya siku 14 si hukumu. Mara nyingi mhandisi anaiandika ili awe na kumbukumbu kwenye jalada. Anachosubiri ni kitu cha kuweka juu yake. Mpelekee ratiba mpya ya kazi, ukurasa mmoja: kupaua lini, bati lini, plasta lini, watu wangapi, mbao ziko wapi. Nenda nayo mkononi, asaini kupokea. Ukinyamaza siku 14, hata anayekupenda hana namna ya kukutetea kwenye kikao cha menejimenti.

Na kama huna uwezo wa kumaliza, sema. Kuna kuvunja mkataba kwa makubaliano ya pande zote mbili. Mnapima pamoja, mnalipana kilichofanyika, dhamana inarudi, jina lako halipelekwi PPRA, mamlaka ya udhibiti wa ununuzi wa umma, kufungiwa zabuni. Hakuna fedheha hapo. Fedheha ni kutoroka usiku.

Mama Nanguruwe

Na uwaambie wanakijiji, mwanangu. Mwite mwenyekiti wa kijiji, mwambie jengo limekwama wapi. Zahanati ile ni yao. Wengine walibeba mawe ya msingi kwa mikono.

Lenta Tatu

Nimewasikia. Barua mbili nimeziandika usiku uleule, asubuhi nikazipeleka na dispachi, zimegongwa mhuri. Narudi na majibu.

Fundi wa Mikindani

Wakati tunamsubiri kijana, Mjukuu wa Masoko aliniuliza faraghani mwisho wa kesi yangu. Naweka hapa. Kwa mwamuzi nilichelewa, ile siku ya 40 ya Wakili mimi naijua. Tulikaa miaka miwili na zaidi tukiandikiana. Mwishowe akaja mkuu mpya wa idara, akaniita, akasema tufukue. Tukaenda na majembe, mimi, yeye na mtendaji wa kijiji. Ile mistari miwili ya kalavati ikaonekana, mabomba yangu, alama yangu kwenye zege la kichwa cha kalavati. Hakusema neno, alipima tu na kuandika. Nililipwa milioni 57, bila riba. Benki ilichukua karibu zote. Kampuni nikaifunga.

Kufukua kulichukua asubuhi moja. Kungefanyika Machi 2015, kijiji kile kisingekaa misimu miwili na shimo, maana mshitiri alishindwa kumpa kazi mkandarasi mwingine akihofia kuharibu ushahidi wa mgogoro. Hilo wengi hawalijui: kazi ikiwa na ubishi wa kipimo, hata anayetaka kuimalizia anaogopa kuigusa.

Mama Nanguruwe, uliuliza nani awaambie wananchi. Nilitakiwa niwaambie mimi. Nilikuwa na namba ya mwenyekiti na sikumpigia.

Lenta Tatu

Wakubwa, leo siku ya 13. Walikuja mhandisi, fundi sanifu na mtu wa ununuzi. Mwenyekiti wa kijiji naye alikuwepo, na akina mama kama kumi wamekaa chini ya mwembe wanatazama. Tulichimba sehemu mbili kama Dada Mkadiriaji alivyosema. Moja ikatoka mita 1.48, nyingine 1.52. Fundi sanifu akakubali mbele ya wote kwamba aliagiza yeye. Tumejaza karatasi ya vipimo, tumesaini watu watano.

Mkataba haujavunjwa bado na sijaambiwa umesalimika. Nyongeza niliyoomba ni siku 24, wanaipeleka kwenye kikao Jumatano. Mbao za kenchi zinapakiwa kesho Nangurukuru.

Dada Mkadiriaji

Hiyo karatasi ya vipimo itoe nakala tatu leo hii. Moja ampe mwenyekiti wa kijiji aitunze.